Kapiteni aliyerudi milimani: maisha ya Daktari Talimeren Ao

Vijana wengi wa makanisa yetu wanajua majina ya mabeki wa Ulaya kuliko wanavyojua majina ya manabii wadogo. Leo sitaki kuwalaumu. Nataka tu kuwaongezea jina moja ambalo hawalisikii kwenye televisheni: Talimeren Ao, mtoto wa mchungaji, mlinzi wa timu ya Mohun Bagan ya Calcutta, kapiteni wa kwanza wa India huru katika michezo ya Olimpiki, na baadaye munganga katika milima alikozaliwa. Kwa habari za mpira, wazee wa India wanamkumbuka sana. Sisi watu wa kanisa tuna sababu nyingine ya kumkumbuka, na nitaifikia.

Alizaliwa tarehe 28 mwezi wa kwanza 1918 katika kijiji cha Changki, katika milima ya Wanaga, kaskazini-mashariki mwa India, si mbali na mpaka wa Burma. Wakati ule milima hiyo ilihesabiwa kuwa sehemu ya Assam chini ya utawala wa Waingereza. Leo ni jimbo la Nagaland. Ao ni jina la kabila lake. Wanaga ni makabila mengi, na kila kabila lina lugha yake, hata mtu anaweza kuvuka bonde moja tu na kukuta watu asioelewana nao. Msomaji wa Kivu au wa Ituri hahitaji maelezo zaidi juu ya nchi ya namna hiyo.

Injili ilifika kwa Waao si kwa mguu wa Mzungu kwanza, bali kwa mguu wa mwinjilisti Mwassam aliyeitwa Godhula, ambaye alipanda kutoka tambarare kwenda kwa watu ambao jamaa zake waliwaogopa. Baada yake, mwaka 1872, mmisionari Mmarekani Edward Winter Clark aliwabatiza waamini wa kwanza. Mwaka 1894 kituo cha misheni kikahamishiwa Impur, katika kilele cha mlima, pakawa na kanisa, shule na matibabu. Wamisionari hao walikuwa Wabaptisti waliotumwa na chama cha Boston, kile kile ambacho mwaka 1884 kilipokea kazi ya misheni huku kwetu upande wa mto Kongo, chini ya Kinshasa ya leo. Kwa hiyo Wabaptisti wa Nagaland na ndugu zetu wa Kongo-Central walinyweshwa maziwa na mama mmoja, ingawa hawajawahi kuonana.

Baba yake Talimeren, Subongwati Ningdari, alikuwa mchungaji katika misheni hiyo ya Impur. Watoto walikuwa 12, na Talimeren ni wa nne. Nyumba ya mchungaji yenye watoto 12, hilo nalo tunalijua: sahani hazitoshi, viatu vinapita kutoka kwa mkubwa kwenda kwa mdogo mpaka vinaisha, na kila mtu kijijini ana haki ya kukosoa tabia yenu. Huko Impur kijana alianza kucheza mpira, na baadaye alisomea katika shule ya misheni huko Jorhat, chini ya milima, katika tambarare ya Assam. Alionekana mapema kuwa mwanamichezo: mrefu, mwenye miguu ya mtu wa mlimani, aliyeweza kuruka na kukimbia kuwashinda wenzake.

Mwaka 1935 baba yake alishikwa na homa ya matumbo, ile tunayoiita tifoide, akafa. Kabla ya kufa alimwachia mwana wake neno moja: awe munganga, na akiisha kuwa munganga, awahudumie watu wake. Talimeren alikuwa na umri wa miaka 17.

Nimefikiri sana juu ya neno hilo. Maneno ya mzee anayekufa si jambo dogo, na mimi kama mchungaji nimeona mara nyingi jinsi yanavyoweza kumfunga mtoto kuliko kumwongoza. Kuna baba anayemwachia mtoto deni la kiburi chake mwenyewe, na mtoto anatumia maisha yake kulipa. Lakini Subongwati hakuomba cheo cha familia. Alikuwa anakufa kwa ugonjwa ambao maji safi na matibabu yangeweza kuuzuia, katika milima ambamo watu wengi walikufa hivyo hivyo, na alimwomba mwana wake aje asimame mahali ambapo yeye alianguka. Hilo ni ombi zito, lakini ni la haki.

Kutoka ombi hilo mpaka diploma ya udaktari ilipita miaka 15. Katikati ya miaka hiyo 15 ndipo mpira ulipokaa, na hapa ndipo hadithi inakuwa tamu.

Baada ya Jorhat aliingia Cotton College huko Guwahati, mji mkubwa wa Assam. Akachezea klabu ya Maharana, na huko alianza kama mshambuliaji. Watu wa Guwahati walimpenda. Lakini shule ya udaktari ilikuwa Calcutta, na mwaka 1942 akaenda kuanza masomo katika Carmichael Medical College, ambayo mwaka 1948 ilibadilishwa jina na kuitwa R. G. Kar. Mwaka uliofuata, 1943, akajiunga na Mohun Bagan.

Ni lazima niwaeleze Mohun Bagan ni nini, la sivyo hamtaona uzito wa jambo. Klabu hiyo iliundwa mwaka 1889. Tarehe 29 mwezi wa saba 1911, wachezaji wake, karibu wote miguu mitupu, waliwashinda askari Waingereza wa East Yorkshire mabao 2 kwa 1 katika fainali ya kombe la IFA. Watu wa Bengali hawakuisahau siku ile. Kwao haikuwa mpira tu. Ilikuwa habari kwamba mwenye viatu anaweza kushindwa na asiye na viatu. Baadaye klabu hiyo ikamlea beki Gostha Paul, ambaye watu walimlinganisha na ukuta mkubwa wa China. Kuvaa jezi ya kijani na nyekundu iliyoiva ya Mohun Bagan ilikuwa kama kusimama kwenye madhabahu ambayo wengine wametangulia kutoa sadaka juu yake.

Sasa, kijana huyu wa milimani, Mkristo, mwenye sura ambayo watu wa Calcutta hawakuizoea, anaingia katika klabu iliyo moyo wa Wabengali, ambao wengi wao ni Wahindu. Na hawamweki mbele kufunga mabao. Wanamrudisha nyuma. Siku zile timu ilipangwa tofauti na leo: mabeki 2 karibu na kipa, mbele yao watu 3 walioitwa hafu, na washambuliaji 5 mbele. Ao akawa hafu. Kazi yake ilikuwa kukata mashambulizi kabla hayajawafikia mabeki wawili, kuruka hewani kuondoa mipira mirefu, kisha kuwagawia wa mbele. Leo tungemwita kiungo mkabaji. Kwa hesabu ya washambuliaji 5 dhidi ya mabeki 2, mnaelewa kwamba hafu akilala, nyumba imeanguka.

Mshambuliaji aliyerudishwa nyuma hupoteza kitu. Mabao huandikwa katika gazeti. Mpira uliozuiwa hauandikwi mahali popote. Najua wahubiri ambao wangekataa kazi ya namna hiyo. Ao aliikubali, akaimudu, na baadaye akapewa ukapiteni wa klabu. Alichezea Mohun Bagan miaka 9. Katika miaka hiyo klabu ilichukua ubingwa wa ligi ya Calcutta mwaka 1943 na 1944, na kombe la IFA mwaka 1947.

Msifikiri kwamba ilikuwa miaka ya raha. Mwaka 1943 njaa kubwa iliipiga Bengali, na watu wanaohesabiwa kwa mamilioni walikufa. Wenye njaa walitoka vijijini na kuja kulala katika barabara za Calcutta, na wengi hawakuamka. Mwaka 1944 vita vya dunia vilifika kwao kabisa: Wajapani na Waingereza walipigana Kohima, katikati ya milima ya Wanaga, kuanzia mwezi wa nne mpaka wa sita, mji ukabaki vifusi. Mwezi wa nane 1946 Wahindu na Waislamu wa Calcutta walichinjana siku kadhaa na maelfu wakafa. Mwanafunzi wa udaktari katika mji ule alisoma mwili wa mwanadamu katika vitabu na barabarani pia. Halafu jioni kulikuwa na mazoezi.

Na hakulipwa kama wanavyolipwa wachezaji wa leo. Mpira wa India wakati ule ulikuwa wa ridhaa. Klabu iliweza kumtafutia mchezaji kazi katika ofisi ya reli au bandari, lakini mtu hakutajirika kwa miguu yake. Ligi ya taifa ya India ilianza mwaka 1996 tu. Naandika hili kwa ajili ya wale wanaosema kwamba Ao aliweza kuuacha mpira kwa urahisi kwa sababu haukuwa na pesa. Mpira wa Calcutta ulikuwa na kitu kingine: jina. Mtu aliyecheza vizuri Mohun Bagan hakununua chai yake mwenyewe katika mji ule.

Tarehe 15 mwezi wa nane 1947 India ikapata uhuru. Mwaka uliofuata ilikuwa Olimpiki ya London, na India kwa mara ya kwanza ilipeleka timu ya mpira wa miguu kwa jina lake yenyewe. Kocha alikuwa Balaidas Chatterjee. Kapiteni aliyechaguliwa alikuwa Talimeren Ao, mwenye miaka 30. Ndani ya timu kulikuwa na Wahindu, Waislamu na Wakristo. Watu wa Bengali, wa Bangalore, wa Travancore, ambao hata lugha ya mama hawakushirikiana. Na katika sherehe ya ufunguzi, tarehe 29 mwezi wa saba 1948, mbele ya mfalme wa Uingereza katika uwanja wa Wembley, Ao ndiye aliyebeba bendera ya India mbele ya wanamichezo wote wa nchi yake.

Hapa lazima nisimame, maana kuna jambo ambalo waandishi wa mpira hulipita haraka. Tarehe 14 mwezi wa nane 1947, siku moja kabla ya uhuru wa India, viongozi wa Wanaga chini ya Angami Zapu Phizo, ambaye naye alikuwa Mbaptisti, walikuwa wametangaza kwamba Wanaga ni huru na si sehemu ya India. India haikukubali. Kwa hiyo mtu aliyetembea Wembley na bendera ya India mkononi alitoka kwa watu ambao wengi wao walikuwa wakikataa bendera ile. Wengine wanamtaja kama alama ya umoja wa India na kumaliza. Mimi nasema mtu anaweza kubeba bendera ya nchi moja na mzigo wa kijiji chake siku ile ile, na wasomaji wetu ambao wana hati ya kitambulisho ya upande mmoja na ndugu waliozikwa upande mwingine wanaelewa bila kuchorewa.

Siku mbili baadaye, tarehe 31, India ilicheza na Ufaransa huko Ilford, mashariki mwa London. Wahindi wengi uwanjani hawakuvaa viatu. Wachache walivaa, wengine walifunga bandeji au soksi tu. Magazeti ya Uingereza yalishangaa sana. Inasimuliwa mpaka leo kwamba mwandishi mmoja alimwuliza Ao sababu, naye akajibu kwa mzaha kwamba mchezo huu, kwa jina lake, ni wa miguu, si wa viatu. Kwa Kiingereza mzaha huo ulihitaji kubadili herufi moja mbili ya neno. Kwa Kiswahili hauhitaji hata hilo, kwa kuwa sisi tunasema mpira wa miguu, basi.

Wafaransa walifunga katika dakika ya 30 kwa René Courbin. India haikuvunjika. Ao na walinzi wenzake walishikilia nyuma, na mbele washambuliaji wakapata penalti mbili. Wapenzi wa mpira, nisaidieni kulia: zote mbili zilipotea. Moja ilipigwa na Sailen Manna, beki mwenzake Ao wa Mohun Bagan, mmoja wa walinzi bora waliowahi kuzaliwa India. Nyingine ikapigwa na Mahabir Prasad. Katika dakika ya 70 Raman akasawazisha, ikawa 1 kwa 1. Dakika moja kabla ya mwisho, René Persillon akafunga bao la pili la Ufaransa. Mashindano yalikuwa ya kutolewa ukishindwa mara moja, kwa hiyo Olimpiki ya kapiteni Ao ilidumu dakika 90.

Watu wa London waliwapigia makofi walioshindwa. Timu ikaendelea na safari ya Ulaya, na huko Uholanzi iliishinda Ajax ya Amsterdam mabao 5 kwa 1, Ajax ile ile ambayo vijana wetu wanaitaja kwa heshima. Kwa habari ya viatu, India iling'ang'ana na miguu mitupu mpaka Olimpiki ya Helsinki mwaka 1952, ambapo katika baridi Yugoslavia iliwafunga 10 kwa 1. Baada ya hapo viatu vikawa sheria. Ao hakuwemo Helsinki. Kapiteni wakati huo alikuwa Manna.

Baada ya London ndipo linakuja jambo ambalo kila mtu wa Nagaland hulisimulia: kwamba Arsenal ya London ilitaka kumchukua Ao kwa mkataba wa mwaka mmoja, naye akakataa ili arudi kumaliza udaktari wake. Huu ndio mlango ambao vijana wetu wangeuza nyumba ya baba yao ili waufikie. Yeye alirudi Calcutta, kwenye vitabu na kwenye wodi za wagonjwa, akiwa na umri wa miaka 30, kati ya wanafunzi ambao wengine walikuwa wadogo zake kwa miaka 10.

Mwaka 1950 alipata diploma yake. Masomo yalimchukua miaka 8. Mwaka 1952 aliacha kuchezea Mohun Bagan.

Kwa mtu wa jina kama lake, Calcutta ilikuwa na nafasi. Daktari ambaye pia ni kapiteni wa zamani wa nchi angefungua chumba cha matibabu katika mtaa mzuri na foleni ingefika barabarani tangu siku ya kwanza. Sisi tunawajua watoto wetu waliotumwa na parokia kusomea udaktari Kinshasa, Kampala au Ulaya. Kwaya iliimba walipoondoka, akina mama walitoa sadaka ya maharage na mihogo iliyouzwa sokoni ili kulipia masomo, na kituo cha afya kilichowangoja kiko bado na muuguzi mmoja. Siwahukumu wote. Wengine walizuiwa na vita, wengine na mshahara usiofika. Lakini tusiseme kwamba kurudi ni jambo la kawaida, maana si la kawaida.

Ao alirudi. Alipitia kwanza Dibrugarh, katika hospitali ya shule ya udaktari ya Assam, kwenye idara ya masikio, pua na koo. Mwaka 1953 akapanda mlima kwenda Kohima kuwa daktari msaidizi wa hospitali ya serikali.

Na tazameni ni wakati gani alipanda. Kohima ilikuwa ingali ikijijenga kutoka vifusi vya 1944. Mgogoro wa Wanaga na serikali ya India ulikuwa unaelekea kwenye bunduki. Kufikia 1956 ilikuwa vita wazi: wapiganaji wa Phizo msituni, jeshi la India vijijini. Vijiji vilichomwa. Watu walihamishwa kwa nguvu na kukusanywa mahali pamoja chini ya ulinzi wa askari, mbali na mashamba yao. Mwaka 1958 bunge la India lilipitisha sheria iliyowapa wanajeshi mamlaka ya pekee katika maeneo hayo. Makanisa hayakuachwa salama. Waumini walikimbilia msituni, wakazaa huko, wakazika huko.

Hospitali katika nchi kama hiyo ina hatari yake, na ndugu zetu waganga na wauguzi wa Beni, Masisi, Fizi na Djugu wanaweza kuieleza vizuri kuliko mimi. Mgonjwa anakuja, na nyuma yake wanakuja wanaotaka kujua ni wa upande gani. Dawa hazifiki kwa sababu barabara imefungwa. Wanaokufa kwa risasi ni wachache kuliko wanaokufa kwa malaria, kuhara na uzazi mbaya, lakini wa risasi ndio wanaohesabiwa. Katika hali ya namna hiyo Daktari Ao alifanya kazi mwaka baada ya mwaka, akapanda ngazi akawa daktari mkuu wa serikali huko huko.

Neno la baba yake lilikuwa na sehemu mbili, na nadhani ya pili ndiyo iliyokuwa ngumu. Kuwa munganga, hilo linahitaji akili na subira. Kuwahudumia watu wake, hilo lilihitaji kurudi chini kabisa baada ya kupanda juu sana, kutoka kelele za uwanja wa Calcutta mpaka kwenye foleni ya wagonjwa wanaokohoa, ambapo hakuna anayepiga makofi. Nehemia aliacha kikombe cha mfalme akaenda kwenye ukuta uliobomoka; lakini Nehemia alienda na barua za mfalme na wapanda farasi. Ao alienda na koti jeupe na kifaa cha kusikiliza vifua.

Tarehe 1 mwezi wa 12 1963 Nagaland ikawa jimbo kamili la India, na makao yake makuu Kohima. Mwaka huo huo Ao akawa mkurugenzi wa huduma za afya wa jimbo, Mnaga wa kwanza kushika kazi hiyo. Kazi ya ofisi haina wimbo. Mtu anapigania bajeti, anatuma wauguzi mahali wasipotaka kwenda, anahesabu vitanda na friji za chanjo. Nagaland ni milima mitupu, na kijiji cha Kinaga hujengwa juu ya kilele, kwa sababu ya vita vya zamani vya kijiji na kijiji. Kila sanduku la dawa lilipaswa kupanda.

Mwaka 1964, kanisa la Wabaptisti wa Nagaland, baada ya mkutano wake mkubwa wa Wokha, liliomba watu watatu waingie katikati ya serikali na wapiganaji: Jayaprakash Narayan, mfuasi wa Gandhi, Bimala Prasad Chaliha, waziri mkuu wa Assam, na Michael Scott, padri Mwanglikana. Tarehe 6 mwezi wa tisa 1964 silaha zilinyamazishwa. Haikuwa amani kamili na haikudumu kama ilivyotazamiwa, lakini kwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi watu walirudi mashambani, na gari la hospitali liliweza kufika ambako halikufika. Naitaja hapa kwa sababu mkurugenzi wa afya hana rafiki mkubwa kuliko mwezi mmoja usio na risasi, na kwa sababu kanisa lililoleta mwezi huo ndilo baba yake alilolichunga huko Impur.

Alishika uongozi wa afya wa jimbo mpaka alipostaafu mwaka 1978. Hesabuni wenyewe: miaka 9 Mohun Bagan, na miaka 25 Kohima. Wanaoandika maisha yake hutumia kurasa nyingi kwa ile 9 na mistari michache kwa ile 25, nami, kama mnavyoona, nimeteleza katika njia ile ile, maana mpira husimuliwa kwa urahisi. Mtoto ambaye hakufa kwa kuhara katika kijiji cha Mokokchung mwaka 1967 hana mtangazaji wa redio wa kumtaja.

Aliishi miaka 20 baada ya kustaafu. Alifariki tarehe 13 mwezi wa tisa 1998, akiwa na miaka 80. Katika maisha yake serikali ya India haikumpa nishani kubwa za michezo ambazo wengine wa kizazi chake walipata, na wapenzi wa mpira wa kaskazini-mashariki wamelilalamikia jambo hilo muda mrefu. Heshima nyingine zilikuja baada ya kifo. Huko Kaliabor, katika Assam, kuna uwanja wenye jina lake. Cotton College ilimkumbuka pia kwa kuipa jumba lake la michezo jina hilo hilo.

Shirikisho la mpira la India nalo lilianzisha kombe la Daktari T. Ao kwa ajili ya timu za majimbo ya kaskazini-mashariki. Vijana wa Nagaland, Manipur, Mizoram, Assam na majirani zao walikutana kuligombania. Eneo hilo, ambalo zamani watu wa Calcutta na Delhi walilidharau, sasa ndilo linaloipa timu ya taifa ya India sehemu kubwa ya wachezaji wake. Wote wanavaa viatu.